Je, Kura Ni Ruhusa?

Kuna hoja naisikia kila gesi ya Mtwara inapotajwa, na husemwa kama vile inafunga mjadala: "Si waliwachagua wenyewe?" Yaani aliyepiga kura ameshakubali yote yatakayofuata. Nimeitafakari hoja hii muda mrefu, na naona ramani ya kule inaikataa.

Gesi iligunduliwa Ghuba ya Mnazi mwaka 1982, upande wa Msimbati, rasi ya mchanga na minazi iliyo jirani na mahali Mto Ruvuma unapoingia baharini. Mtambo wa kuisafisha uko Madimba. Kote huko ni vijijini. Bahari na mikoko ya eneo hilo vimekuwa hifadhi tangu mwaka 2000, kwa hiyo mvuvi wa pale ameshazoea kupewa masharti juu ya kitu kilicho mlangoni kwake. Lakini maandamano ya Desemba 2012 na ghasia za Mei 22, 2013, siku bajeti ya Wizara ya Nishati na Madini iliposomwa Dodoma, vilitikisa zaidi mjini. Na mji una jimbo lake, vijiji vina lao.

Ukaja uchaguzi wa Oktoba 25, 2015. Mtwara Mjini wakamchagua Maftaha Nachuma wa CUF. Mtwara Vijijini wakamrudisha Hawa Ghasia wa CCM. Bomba la kwenda Dar es Salaam, zaidi ya kilomita 500, lilikuwa limeshafukiwa. Sasa, msomaji, tuseme nini? Kwamba wa mjini, ambako haichimbwi, walikataa, na wa Msimbati, ambako inachimbwa, waliridhia? Ukisoma matokeo peke yake, ndivyo utakavyosema.

Bibi mmoja wa upande ule nilimuuliza, "Bibi, na gesi je?" Akanijibu, "Mjukuu wangu, mie nilipiga kura ya zahanati. Hiyo gesi ilikuwa kwenye karatasi ipi?"

Kweli, ilikuwa ipi? Karatasi ya kura ina majina na vyama. Mtu anaweka alama ya vema mara moja, na ndani ya alama hiyo mna zahanati, bei ya korosho, barabara ya mchanga, undugu, mazoea, pengine na woga. Kura inajibu swali la "nani". Kuichukua baadaye na kuisoma kama jibu la "nini" ni kumlisha mtu maneno.

Hata hao wa kuchaguliwa, mpiga kura hawapati wote. Kwa mujibu wa ibara ya 67 ya Katiba, mgombea ubunge lazima awe amependekezwa na chama. Juni 2013, katikati ya vuguvugu lile la gesi, Mahakama ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu kule Arusha ilisema, katika shauri la Mchungaji Mtikila, kwamba kumzuia mgombea binafsi ni kuvunja haki. Katiba haikubadilika. Kisha mbunge akiwa waziri, kama Ghasia alivyokuwa TAMISEMI wakati ule, anabanwa na uwajibikaji wa pamoja wa Baraza la Mawaziri. Simlaumu mtu hapa, ndivyo kiti kilivyotengenezwa. Ila mwananchi aliyemtuma mtu akamsemee anajikuta mjumbe wake anatakiwa kuisemea serikali.

Wapo watakaosema gesi ni ya Watanzania wote, na kila mkoa ukishika chake nchi itakufa. Nakubaliana nao. Mtoto wa Kigoma anayesomea taa ana haki na gesi ya Mnazi, kama mtoto wa Msimbati alivyo na haki na dhahabu ya Geita. Mali ni ya wote. Mzigo, hata hivyo, hauwi wa wote: bomba linapita kwenye shamba la fulani, na zuio la kuvua linamgusa fulani. Tena Kusini ina kumbukumbu. Mpango wa karanga wa Waingereza, ulioanza 1947, uliwaletea reli. Karanga zikashindikana, na miaka ya 1960 reli ikang'olewa. Watu waliokwisha kuona reli ikija na kuondoka wana sababu ya kutaka kuulizwa mapema.

Na mahali pa kuulizia papo. Mkutano mkuu wa kijiji upo kisheria. Kila mkazi mtu mzima anakaa, jambo linatajwa kwa jina lake, muhtasari unaandikwa. Wakikataa je? Serikali bado inaweza kuamua kwa ajili ya taifa zima, lakini italazimika kusema mbele yao inachukua nini, kwa nini, na itawalipa nini. Kuulizwa si kupewa kura ya turufu. Ni kutambuliwa kwamba una akili na una la kusema.

Sasa unazungumzwa mradi mkubwa wa kusindika gesi Likong'o, Lindi. Siku mtu atakapotwambia kwamba wananchi wa kule wameridhia, tusimuulize walimchagua nani. Tumuombe muhtasari wa mkutano wa kijiji, tuusome.