Dawa ya Kumtuliza Mzee

Tunapokwenda kuzuru wagonjwa, neno tunalopenda kulisikia mlangoni ni hili: "Leo ametulia." Twamshukuru Mungu, twasali sala fupi kando ya kitanda, twarudi nyumbani. Ni nadra sana kuuliza ametulizwa na nini, na kwa ajili ya nani.

Swali hilo lilitujia upya tuliposoma habari za hospitali moja ya mji wa Gosport, kusini mwa Uingereza. Mwezi wa Juni 2018 tume iliyoongozwa na Askofu James Jones, aliyekuwa zamani Askofu wa Liverpool katika Kanisa la Anglikana, ilitoa taarifa ya mambo yaliyotendeka huko kati ya 1989 na 2000. Watu zaidi ya 450 walifupishiwa maisha kwa dawa kali za jamii ya mofini, walizopewa bila sababu ya kitabibu. Kwa kuwa kumbukumbu nyingine hazikupatikana, tume ilisema huenda wapo wengine wasiopungua 200. Wengi walikuwa wazee, na si wote waliopelekwa pale kufa. Wengine walikuwa wamevunjika nyonga, wakahitaji kusaidiwa watembee tena; wengine waliletwa ili walio nyumbani wapumzike kidogo. Dawa iliandikwa mapema, kabla ya haja yake kuonekana, kwa kiwango kilichoweza kupandishwa sana, kisha ikasukumwa chini ya ngozi kwa pampu ndogo, mchana na usiku.

Tusiilaumu mofini yenyewe. Huko Uganda hospisi iliyoanzishwa na Daktari Anne Merriman mwaka 1993 iliwapa wenye saratani mofini ya kunywa, na maskini wengi wakapata kufa bila kulia kwa maumivu. Tena walimu wa maadili wamefundisha siku nyingi kwamba tabibu ampaye mgonjwa dawa kwa nia ya kuondoa maumivu, huku akijua kwamba huenda ikakikaribisha kifo, si mwuaji. Twakubali. Lakini hoja hiyo yasimama juu ya mguu mmoja tu, nao ni maumivu ya mgonjwa. Yakiwa hayapo, au hakuna aliyeyapima, hoja yote yaanguka, hata kama aliyeshika sindano ana uso wa huruma.

Na si lazima mtu afe ndipo tuseme amedhulumiwa. Mwaka 2009 Profesa Sube Banerjee aliiandikia serikali ya Uingereza taarifa juu ya wazee wenye ugonjwa wa kusahau. Alikadiria kwamba wapatao 180,000 kwa mwaka walikuwa wakipewa dawa zilizokusudiwa wenye magonjwa ya akili, na kwamba walioweza kufaidika hawakuzidi 36,000. Dawa hizo zilikadiriwa kuongeza vifo 1,800 hivi kila mwaka. Kwa nini walipewa? Mzee apiga kelele, akataa kuvuliwa nguo, azungukazunguka usiku. Mhudumu yu peke yake zamuni, miguu yamwuma, na wagonjwa wengine wataka kulala. Kidonge kimoja, na nyumba yote imenyamaza. Hatuna haki ya kumrushia mawe mhudumu huyo. Wengi wetu tusingemaliza hata usiku mmoja mahali pake. Lakini twasema wazi: utulivu ule ulikuwa wake, si wa mzee. Huenda mzee alikuwa na kiu, au jino lamwuma, au hajapata choo siku tatu, na kelele ndiyo lugha pekee aliyobakiwa nayo.

Watu husema, "Mwache, hajui kitu, wala hatakataa." Sisi twaona kinyume. Awezaye kukataa ana mlinzi, yaani ulimi wake. Asiyeweza ana nini, zaidi ya dhamiri za wanaomzunguka?

Na dhamiri zilikuwapo. Huko Gosport wauguzi kadhaa walieleza wasiwasi wao juu ya dawa zile mapema, mwaka 1991. Hawakusikilizwa, walionekana watu wa kuleta matata. Jamaa za marehemu waliotafuta haki kuanzia 1998 walizungushwa ofisi kwa ofisi. Kutoka onyo la wauguzi mpaka taarifa ya tume ni miaka 27. (Katika vikao vyetu pia aulizaye sana huitwa mkorofi.)

Wako watakaosema kwamba haya ni ya Wazungu, wanaowapeleka wazazi katika nyumba za wazee. Sisi twakaa na wetu. Tusijisifu upesi. Nani kati yetu hajaona mtoto akinyweshwa dawa ya mafua ili alale, mama apate kwenda mkeshani? Na katika nyumba moja ya mtaa wetu bibi mmoja alikuwa akiamka usiku, akipapasa kuta na kuangusha vyombo. Wakampa vidonge vya usingizi vilivyobaki vya mtu mwingine, akawa ashinda kitandani akisinzia, hata uji hawezi kuumaliza. Akina mama wa kanisa walikwenda kumzuru, wakakaa naye mpaka jioni, wakamwuliza polepole alikuwa akitafuta nini usiku. Alijibu bila kusita kwamba alikuwa akitafuta mlango wa choo. Walikuwa wamehamia nyumba mpya, na hakuna aliyemwonyesha ulipo.