Kicheko na Dhihaka

Watu wengi hudhani kwamba kuchekesha ni kazi nyepesi, isiyostahili kupimwa katika mizani ya wema na ubaya. Lakini kicheko ni kama kisu: chaweza kumenya tunda la kumkirimu mgeni, tena chaweza kumjeruhi mgeni yule yule.

Tutazame kazi ya Benson Wanjau, aliyejulikana Kenya nzima kwa jina la Mzee Ojwang. Kwa miaka mingi alicheza katika Vitimbi, mchezo wa televisheni ya taifa. Wanjau alikuwa Mkikuyu; mzee aliyemwigiza alikuwa Mjaluo, na Kiswahili chake kilijaa lafudhi ya Kijaluo. Hata alipofariki Julai 2015, jina la mchezoni lilikuwa limekwisha kulifunika jina la kuzaliwa.

Hapa pana swali. Mtu aigapo ulimi wa kabila lisilo lake, je, afanya udugu au dhihaka? Wengine husema kila mwigo ni dharau. Wengine husema mzaha hauna dhambi. Hawa wa pili wamesahau kwamba mzaha mzaha hutumbuka usaha.

Nakuru yaweza kutufundisha. Mji huu ulikua kando ya reli, ukakusanya Wakikuyu, Wakalenjin, Wajaluo, Waluhya, Wakisii na wengineo, kila mtu na lafudhi ya kwao. Januari 2008, baada ya uchaguzi wa Desemba 2007, majirani waliuana Nakuru na Naivasha. Katika nchi nzima walikufa watu zaidi ya 1,100. Siku zile, katika Bonde la Ufa, ulimi ulikuwa shahidi wa kutisha: neno moja liliweza kumfichua msemaji kwa adui zake. Lafudhi iliyochekesha sebuleni ilihukumu watu barabarani.

Mtu aweza kuuliza: basi vicheko vyote vile vilifaa nini, ikiwa havikuzuia damu? Ni kweli, mchekeshaji si askari wala hakimu. Lakini alituonyesha kwamba lafudhi haina hatia. Hatia imo moyoni mwa asikiaye. Mzee Ojwang hakuchekwa kwa sababu ni Mjaluo. Alichekwa kwa ukaidi na vituko vyake vya nyumbani, na mzee wa namna hiyo yumo katika kila kabila. Wajaluo waliketi pamoja na wengine wakacheka nao.

Hicho ndicho kipimo. Kicheko chema ni kile ambacho anayechekwa aweza kukishiriki bila kuinamisha uso. Nawe mwanafunzi, utakapoiga matamshi ya mwenzako bwenini, usiwatazame wanaocheka, maana hao hawatakuambia kweli. Mtazame yeye. Akicheka kwa moyo mkunjufu, umemkaribisha; akinyamaza, umemfukuza, ingawa bado ameketi karibu nawe.