Mwenzi Asiyeonekana

Mtoto asemaye kwamba anaye rafiki asiyeonekana huhukumiwa upesi kwa moja ya mambo mawili: ama ni mwongo, ama ameingiwa na pepo. Hukumu zote mbili huwapumzisha watu wazima. Ya kwanza humaliza shauri kwa fimbo, ya pili kwa mganga.

Tutazame Getanuwas, wilayani Hanang. Watoto wa wafugaji wa Kidatoga huanza kuchunga ndama na mbuzi wangali wadogo sana, na asiye na ndugu wa rika lake aweza kushinda mbugani bila kusikia sauti ya mtu ila yake mwenyewe. Akijibunia mwenzi, akamgawia chakula, watu hucheka. Lakini jioni moja akisema kwamba mwenzi huyo amemkataza kuvuka kijito, kicheko hukoma. Jirani wa Kiiraqw atakumbuka neetlangw, pepo wa masimulizi ya wazee wake, akaaye katika chemchemi na vijito.

Uongo ni kutaka mwingine asadiki neno ambalo msemaji mwenyewe halisadiki. Mtoto huyu hamdanganyi mtu; watoto walio wengi, wakiulizwa kwa upole, hukiri kwamba rafiki yao ni wa kubuni tu. Wala si kioja. Mwaka 2004 Marjorie Taylor na wenzake, nchini Marekani, walitangaza kwamba katika watoto waliowachunguza, asilimia 65 walikuwa wamepata kuwa na mwenzi wa namna hiyo kabla ya kupita miaka 7, wakihesabiwa na wanasesere waliopewa uhai. Wako pia wenzi wakaidi, wasiomtii hata mtoto aliyewabuni.

Mkaidi huyo ndiye atutishaye, na kwa maoni yangu ndiye astahiliye kusikilizwa zaidi. Tarehe 3 Desemba 2023 matope na mawe yalishuka kutoka mlima Hanang, yakafukia nyumba za Katesh na vijiji vya jirani, yakaua watu zaidi ya 80. Tangu siku ile mtoto wa wilaya hiyo aogopaye kijito hana haja ya kufundishwa hofu na pepo. Mchungaji hathubutu kumwambia baba yake, "Naogopa." Husema, "Yeye amenikataza." Kumpiga kwa neno hilo ni kuuziba mdomo wa pekee alioupata. (Mwenzi akimwamuru mtoto ajidhuru, hilo ni shauri la daktari, wala lisingoje.)

Basi na aulizwe rafiki huyo amekataza kwa sababu gani. Na mwulizaji akae kitako, kwa maana jibu halitakuja kabla ndama hawajafungiwa zizini.