Kipimo cha Ustaarabu

Neno ustaarabu hutajwa kila siku, lakini ni nadra kupimwa. Tukiambiwa kuwa taifa fulani lilistaarabika tangu kale, mara fikira zetu hukimbilia majumba ya mawe, minara mirefu na makaburi ya wafalme. Tukiambiwa kuwa taifa jingine halikuacha jengo hata moja, hunyamaza kana kwamba limetajwa jambo la aibu. Kwa hiyo kijana aliyezaliwa Bomeni, katika mji wa Taveta, aweza kusoma kitabu cha historia toka mwanzo hata mwisho, akaona sifa za Misri, za Uyunani na za Kilwa, kisha akakifunga na kusema moyoni mwake, "Sisi hatukuwa na kitu." Neno hili ni zito. Mtu anayeamini kwamba wazazi wake hawakuwa na kitu haoni sababu ya kutunza chochote. Basi inafaa tuulize kama neno hilo ni la kweli, na kama kipimo kilicholizaa ni kipimo cha haki.

Na tuanze mbali na kwetu, kwa taifa ambalo hakuna awezaye kulidharau kwa majengo. Katika nchi ya Kambodia, kusini mashariki ya Asia, wanakaa watu waitwao Wakhmer. Mwaka 802 Jayavarman wa Pili alitawazwa kuwa mfalme mkuu wa nchi hiyo, na kwa muda wa karne sita hivi warithi wake walitawala eneo kubwa kutoka mji wa Angkor. Katika karne ya 12 mfalme Suryavarman wa Pili alijenga hekalu la Angkor Wat, lenye minara mitano na lililozungukwa na handaki la maji ambalo upana wake ni mita 190 hivi. Baada yake Jayavarman wa Saba, aliyeshika ufalme mwaka 1181, alijenga hekalu la Bayon. Minara ya hekalu hilo ina nyuso kubwa za mawe zinazotazama pande zote, na kuta zake zimechongwa picha za watu wa kawaida: wanawake sokoni, wapishi mekoni, wavuvi majini na watu wanaopiganisha majogoo. Maandishi ya enzi yake yanataja hospitali 102 katika nchi.

Lakini jiwe haliliwi. Aliyechonga jiwe alikula wali, na mpunga huota majini. Kabla ya kuwa mji wa mahekalu, Angkor ulikuwa mji wa mifereji. Wakhmer walichimba mabwawa makubwa ya kuhifadhia maji. Moja lao, lililo magharibi ya mji, lina urefu wa kilomita 8 hivi na upana wa kilomita 2. Mvua ya masika ilikusanywa, ikaongozwa, ikagawanywa. Wataalamu waliochunguza pete za miti mikongwe ya nchi zile wamegundua kwamba katika karne ya 14 na mwanzo wa karne ya 15 kulikuwa na ukame mrefu, uliokatizwa na mvua za kupita kiasi. Mifereji iliyojengwa kwa majira ya zamani haikuyaweza majira mapya. Vita na jirani zao wa Ayutthaya vikaongeza taabu, na katika karne ya 15 makao ya ufalme yakahamia kusini. Mawe yalibaki mahali pake. Uhai wa mji ulikuwa umeondoka pamoja na maji. Hilo ndilo fundisho la kwanza: jengo ni alama ya ustaarabu, bali si mzizi wake.

Sasa na tuje nyumbani. Taveta iko chini ya mlima Kilimanjaro, upande wa mashariki. Maji ya mlima hupita chini ya ardhi, hutokeza katika ziwa Chala na katika chemchemi za Njoro, na mto Lumi huyachukua mengine mpaka ziwa Jipe. Kando ya Lumi palikuwa na msitu mnene, na katika msitu huo waliishi Wataveta. Masimulizi yao yasema kwamba hawakutoka katika shina moja. Walikuja kwa makundi, wengine kutoka Upare na Usambara, wengine Utaita, wengine Uchagani na Ukambani, na hata Wamasai waliopoteza mifugo yao wakapata nafasi jirani yao. Aliyekuja alikuwa mara nyingi mtu wa kukimbia: amekimbia njaa, au vita, au ugomvi wa ndugu. Msitu ukawa ngome yake. Njia za kuingilia zilikuwa nyembamba, nazo zilizibwa kwa magogo, hata mashujaa wa nyikani waliozoea kupigana mahali pa wazi hawakupenda kuzijaribu.

Zingatia jambo hili, msomaji. Jina la Bomeni limebeba neno boma, na boma, kama tujuavyo, ni ukuta wa kuwazuia wengine. Boma la Wataveta lilikuwa la miti hai, na kazi yake ilikuwa mbili: kumzuia mwenye mkuki na kumpokea mwenye njaa. Ndani yake watu wa asili mbalimbali walipata lugha moja, Kitaveta, na desturi moja. Hawakuwa na mfalme. Mambo yao yaliamuliwa na baraza la wazee, na vijana walipangwa kwa marika, kila rika na wajibu wake. Walipanda migomba katikati ya msitu pasipo kuumaliza msitu, wakachimba mifereji ya kunywesha mashamba, wakafuga nyuki na kuvua samaki.

Tena fikiri jinsi mfereji ulivyo mwalimu mkali. Mtu mmoja hawezi kuuchimba, wala hawezi kuusafisha peke yake unapojaa tope. Aliye juu anaweza kuyafunga maji yote shambani mwake, na aliye chini hana nguvu ya kumzuia ila kwa sheria wanayoikubali wote wawili. Kwa hiyo penye mfereji unaodumu pana mapatano yanayodumu, na penye mapatano yanayodumu baina ya watu ambao babu zao hawakujuana, pana ustaarabu, japo hapana jiwe hata moja lililosimamishwa juu ya jingine.

Misafara ya biashara iliyotoka Mombasa na Pangani iliijua Taveta vizuri. Baada ya kuvuka nyika kavu ya Taru na kupita milima ya Utaita, wapagazi walifika kwenye kivuli, maji na ndizi. Mwaka 1883 Mskoti Joseph Thomson alipumzika hapo na msafara wake kabla ya kuingia Umasaini, na watu wake wakakaa siku nyingi wakitunga upya shanga kwa namna iliyopendwa na Wamasai. Katika kitabu chake aliusifu sana msitu ule na amani ya watu wake. Wakhmer nao walipata mgeni wao aliyeandika. Zhou Daguan, mjumbe kutoka China, alikaa Angkor mwaka 1296 na 1297, akaandika habari za mavazi, vyakula, masoko na sherehe za mfalme. Mengi tujuayo juu ya maisha ya Angkor yametoka katika kalamu yake.

Mgeni akiandika kwa uaminifu haandiki sifa tupu. Zhou Daguan alieleza kwamba katika nyumba za matajiri wa Angkor walikuwamo watumwa wengi, watu waliokamatwa milimani, ambao hawakuruhusiwa kukaa wala kulala ila chini ya nyumba. Vivyo hivyo, misafara iliyopita Taveta haikubeba pembe za ndovu tu; katika njia zile walipitishwa pia watu waliouzwa. Ndizi iliyomtia nguvu mpagazi ilimtia nguvu na mfanya biashara wa watumwa. Hatupati faida kwa kuficha hayo. Aibu ya kweli yaweza kukaa ndani ya taifa lenye mahekalu na ndani ya taifa lenye migomba.

Hapa huenda ukanipinga. Utasema, "Haya ni maneno ya kujifariji. Asiyeweza kujenga husema kwamba kujenga si kitu, kama sungura aliyezikosa ndizi akasema kuwa ni mbichi." Pingamizi hili ni la haki, na lastahili jibu la haki. Kujenga ni kitu. Jiwe lililochongwa humpa mjukuu wa mjukuu ushahidi usiokufa; Mkhmer wa leo aweza kuweka mkono juu ya kazi ya mababu zake wa miaka 900 iliyopita, na picha ya Angkor Wat imo katika bendera ya nchi yake. Mtaveta hana jambo kama hilo. Msitu umekatwa sehemu kubwa, na vipande vilivyosalia, kama msitu wa Kitobo, ni vidogo. Wazee waliojua sheria za mifereji wamekufa, wengi wao bila kuandikwa. Hiyo ni hasara, na hasara haigeuzwi kuwa faida kwa maneno matamu.

Lakini swali letu lilikuwa juu ya kipimo, na historia ya Wakhmer wenyewe imelijibu kwa uchungu. Mwaka 1975 Khmer Rouge, chini ya Pol Pot, walitwaa nchi. Waliweka picha ya Angkor katika bendera yao, wakajivunia kwamba watu waliojenga mahekalu yale hawawezi kushindwa na jambo lolote. Tena walikumbuka maji: waliwafukuza watu mijini wakawapeleka mashambani kuchimba mifereji na kujenga mabwawa. Mpaka walipoangushwa mwaka 1979, zaidi ya watu milioni moja na nusu walikuwa wamekufa kwa njaa, maradhi, kazi na mauaji. Jiwe lilikuwapo. Mfereji ulikuwapo. Kilichokosekana ni haki ya yule aliyeshika jembe.

Basi kipimo ni hiki: usitazame kilele cha mnara, wala usitazame chemchemi mahali maji yanapoanzia. Fuata mfereji mpaka mwisho wake, ukamtazame mtu wa mwisho. Je, maji yanamfikia? Akilalamika, yupo wa kumsikiliza? Amefika jana tu kutoka nchi nyingine. Je, amepewa jembe, au amepewa mnyororo? Jayavarman wa Saba alipoweka hospitali alipita mtihani huu. Tajiri wa Angkor aliyemlaza mtumwa chini ya nyumba alishindwa. Wazee wa Taveta walipompokea mkimbizi walipita. Mtu yeyote aliyenyamaza mbele ya minyororo alishindwa. Kwa kipimo hiki hakuna taifa lililostaarabika mara moja kwa siku zote, na hakuna lililonyimwa ustaarabu tangu kuzaliwa. Kila kizazi hupimwa upya.

Nasi twapimwa leo. Mwaka 1886 Waingereza na Wajerumani waligawana nchi kwa mstari uliopita kati ya Taveta na Uchagani, na baadaye maziwa ya Chala na Jipe yakawa ya pande mbili. Agosti 1914 Wajerumani waliiteka Taveta, na Februari 1916 askari wengi walianguka katika kilima cha Salaita, kwa ugomvi ambao wenyeji hawakuuanzisha. Baadaye yakaja mashamba makubwa ya katani, na wengi waliozaliwa kando yake wakaishi bila hati ya ardhi waliyoikanyaga. Ziwa Jipe nalo limesongwa na tope na matete, kwa kuwa udongo wa vilima huchukuliwa na mvua mpaka ndani yake. Katika mambo yote hayo swali ni lile lile la mfereji: aliye juu anamfikiria aliye chini, au hamfikirii? Na aliye upande huu wa mpaka anakumbuka kwamba yule wa upande wa pili hunywa maji ya mlima ule ule?

Wewe msomaji, ambaye labda unasoma ukurasa huu katika darasa lenye majina ya Kitaveta, Kitaita, Kikamba, Kipare na Kichaga, usiwaonee haya wazazi wako kwa kutojenga Angkor. Waonee haya tu ukiupoteza ule ustadi wao mkubwa, yaani ustadi wa kuwafanya wageni kuwa ndugu na kugawana maji bila ya mfalme. Nenda kwa mzee aliye karibu nawe, umwulize mfereji wa babu yake ulipita wapi, nani alisafisha, na aliyeiba zamu ya maji alitozwa nini. Andika majibu kwa wino, upate kumwachia mjukuu wako ushahidi ambao wewe hukuachiwa. Panda mti mahali ulipokatwa mti. Na zamu yako ya maji ikiisha, fungua njia, uyaache yateremke kwa jirani aliye mwisho, kabla hajaja kukuomba.