Kofi Lina Tarehe, Dharau Haina

Msomaji wa Kiswahili akisikia mahari huwaza mali inayotoka upande wa mume. India mkondo umegeuka: wazazi wa binti ndio wanaotoa dhahabu, pikipiki, friji na fedha taslimu, na mara nyingi madai hayaishii siku ya harusi. Sheria ilipiga marufuku jambo hilo mwaka 1961, likaendelea. Mwaka 1983 kikaongezwa kifungu cha 498A katika Kanuni ya Adhabu: mume au ndugu yake akimfanyia mke ukatili, kifungo ni hadi miaka 3 pamoja na faini. Sheria mpya ya adhabu iliyoanza kutumika Julai 2024 imekibadili namba tu, na swali lake gumu limebaki palepale. Nyumba nzima ikimtesa mtu, nani hasa amemtesa?

Kwa miaka mingi Mahakama ya Juu ya India imejibu kwamba mlalamikaji ataje nani alifanya nini. Orodha ya mavyaa, bavyaa, mashemeji na mawifi, isiyoonyesha tendo la kila mmoja, haitoshi kuwapeleka kizimbani. Mahakama ilisema hivyo tena 2022, ikarudia Desemba 2024. Nakubaliana nayo. Methali yetu ya samaki mmoja akioza haina nafasi kwenye hati ya mashtaka, kwa kuwa anayelala rumande ni mtu, si ukoo. Wifi aliyeolewa mji mwingine, aliyefika mara mbili kusalimia, hawezi kujibu makosa ya nyumba asiyoishi.

Ila hebu tuitazame nyumba yenyewe. Mavyaa anahesabu bangili za mkwewe mbele ya wageni, anauliza mbona ni nyembamba. Wifi anacheka. Bavyaa hainui macho kwenye gazeti. Jioni mume anakumbushia pikipiki ambayo baba mkwe aliahidi. Yafanye hayo kila wiki kwa miaka minne, kisha mwambie mwanamke huyo aandike tarehe. Kofi lina tarehe. Dharau haina, na nguvu yake imo katika kutokuwa nayo. Maelezo yake yatakuwa ya jumla hata akisema kweli tupu, maana mateso yenyewe yaligawanywa mpaka fungu la kila mmoja likaonekana si kitu.

Hapo ndipo mahakama zinapoteleza. Kutoka “haya hayatoshi kumtia mtu hatiani” zinavuka hadi “haya yametungwa”, na mwaka 2005 Mahakama ya Juu ilionya kwamba kifungu hiki kikitumiwa vibaya kitakuwa ugaidi wa kisheria. Wanaotetea msimamo huo wana takwimu, zilizonukuliwa katika hukumu ya mahakama hiyo ya 2014: mwaka 2012 walikamatwa kwa kifungu hicho watu 197,762, karibu robo yao wanawake, hati za mashtaka zikatolewa kwa asilimia 93.6 ya kesi, na waliotiwa hatiani ni asilimia 15 tu. Sikatai kwamba wapo wanaosingiziwa, na ajuza kukamatwa kwa neno tupu ni dhuluma. Lakini hukumu hiyohiyo ilishaitibu dhuluma hiyo kwa kuwazuia polisi kukamata kabla ya kupima ulazima. Kinachobaki katika ile asilimia 15 ni kushindwa kuthibitisha: mashahidi ni watu wa nyumba ileile, na wanandoa wengi hupatana kesi ikiwa njiani. Hakuna anayesema kila kesi ya wizi iliyoanguka ilikuwa ya uongo.

Linganisha na mke akifa. Akifariki kifo kisicho cha kawaida ndani ya miaka 7 ya ndoa, na ikaonyeshwa kwamba muda mfupi kabla alisumbuliwa kwa ajili ya mahari, sheria inailazimu mahakama ichukulie kuwa waliomsumbua ndio waliosababisha kifo hicho, mpaka wao wathibitishe vinginevyo. Mtu atasema usumbufu bado lazima uthibitishwe. Kweli, ila mbele ya maiti hakimu husikiliza historia ya nyumba kwa subira asiyompa aliye hai. Vifo vya namna hiyo vinavyoandikishwa India huzidi 6,000 kwa mwaka.

Hakimu anayemwondolea wifi mashtaka kwa kukosa maelezo aandike kwamba maelezo yamekosekana, aishie hapo. Kama hana ushahidi wa uongo, asimwite mlalamikaji mwongo.