Picha ya Mwanamume: Ni Kweli au Ni Uongo?

Hapa kwetu Bugarama, karibu na machimbo ya dhahabu ya Bulyanhulu, alikuwako kijana mmoja mchimbaji wa mashimo madogo. Alipopata fedha kidogo aliazima koti, akaenda na mkewe kwa mpiga picha. Katika picha ile amelaza shavu juu ya kichwa cha mkewe, na macho yake yamelegea. Sisi tulipoonyeshwa tulimkemea. Tulisema ya kuwa mambo ya chumbani hayapasi kuonyeshwa watu, tena kwamba picha ile ni uongo, kwani koti si lake, na maua yaliyo nyuma yao ni rangi tu juu ya kitambaa.

Neno hilo la uongo twataka kulipima tena. Huko Mombasa Bwana N. V. Parekh alifungua nyumba yake ya kupigia picha mwaka 1942. Wakaja kwake wachumba, mume na mke, hata rafiki wawili wanaume. Naye hakuwapiga kama walivyoingia tu. Aliwapanga, akageuza uso huku, akaweka mkono pale, akatengeneza taa. Wengine waliiga mikao ya sinema. Picha hizo zingaliko, na mwenye kuzitazama huona wanaume wenye haya, wenye shauku, wenye huzuni. Je, mpiga picha ndiye aliyewatia moyo huo? Alipanga mkono, upole wa vidole hakuupanga yeye.

Kwetu Usukumani mwanamume hufundishwa tangu utoto kukaza uso. Hulima, huchunga, hutoa ng'ombe za mahari, na hayo ndiyo maneno yake ya upendo. Hatuyadharau. Lakini mke hawezi kukumbatia ng'ombe, na hao wamekwisha kwenda kwa baba yake!

Kijana yule alifukiwa na udongo shimoni. Siku ya tatu ya matanga tulimkuta mkewe ameishika picha ile. Akatuambia ya kuwa mumewe hakupata kumwambia kwa kinywa kwamba ampenda, hata mara moja. Ila siku ile, walipoamriwa wasitikisike, aliusikia moyo wake ukienda mbio. Baba wa marehemu aliiomba, akaitazama sana, akairudisha bila neno. Kisha akatoka, akasimama peke yake nyuma ya ghala.

Sisi tulikuwa tumeandaa maneno ya faraja njiani. Hatukuyasema.