Utulivu Hauji kwa Kukaripiwa

Nyumba nyingi za mjini zinazofuga mbwa zina kibao getini: Mbwa Mkali. Ndani ya geti, mara nyingi, yupo mbwa kijana anayeshinda kwenye mnyororo, na kila akiruka au kubweka anapigiwa kelele, "Tulia!" Hatulii. Neno hilo hakuna aliyewahi kumfundisha. Anachosikia ni sauti iliyopazwa, naye anapaza yake.

Mbwa wetu, Simba, ana nguvu za kuangusha mtu mzima. Tumemfundisha kutulia, na kilichonigusa ni mpangilio wa mafunzo yenyewe: amri huja mwishoni. Kwanza apate haki yake, yaani matembezi ya asubuhi, muda wa kunusanusa njiani, maji na chakula. Kisha unatandika gunia kivulini, unakaa karibu na dagaa wachache, unanyamaza. Akilikanyaga gunia, mpe dagaa. Akilala, mwekee mwingine chini, katikati ya miguu ya mbele, asipate sababu ya kurukia mkono. Mwanzoni hulala kama mkimbiaji anayengoja filimbi: masikio wima, miguu ya nyuma tayari kuchomoka. Wewe ngoja. Mara nyonga moja inalala ubavu, kidevu kinagusa gunia, anashusha pumzi ndefu. Hapo ndipo pa kumtuza, papo hapo, maana ukichelewa akainuka, utakuwa umetuza kule kuinuka. Akishazoea hivyo, unalitamka neno "tulia" kwa sauti ya kawaida, wakati mwili wake unalegea. Sasa neno lina maana kwake.

Karen Overall, daktari wa wanyama wa Marekani aliyebobea katika tabia zao, aliweka katika kitabu chake cha 1997 mpango wa mazoezi wa siku 15. Mbwa ametulia; mwenye mbwa anarudi nyuma hatua moja, anapiga makofi, anagonga mlango, anatoka machoni kidogo kisha anarejea. Ugumu unaongezwa kidogo kidogo. Mbwa akishindwa hachapwi, anarudishwa kwenye zoezi jepesi aliloliweza. Kwetu, baada ya makofi ilifuata honi ya bodaboda, kisha watoto na mpira wao.

Mtoto si mbwa, na malezi yake ni makubwa zaidi ya kutuzwa. Lakini wote wawili hujifunza kutokana na kile tunachokijali. Tunamwamuru mtoto atulie huku televisheni inaunguruma na sisi wenyewe tunafoka kwenye simu. Akikaa kimya akichora hadi karatasi ijae, hatumtupii hata jicho. Akimwaga maji, jina lake linasikika hadi kwa jirani. Haraka sana anaelewa kwamba njia ya kuonekana katika nyumba hii ni kuvuruga. Darasani ni hivyo hivyo: mtundu anajulikana na kila mwalimu, mpole anamaliza muhula bila kuambiwa neno jema.

Naamini tumeigeuza kazi ya malezi miguu juu. Tunaanza na amri, tunafuatisha adhabu, halafu tunashangaa. Tuanze na kuuona utulivu ukiwa bado mdogo, tuupe nafasi na shukrani, tuvumilie ukue. Amri huweza kuita kile tu kilichokwisha kulelewa.